Wimbo Chini ya Sahani: Juu ya Kuchagua Muziki wa Karamu ya Arusi

Katika arusi za visiwani na mwambao, jambo moja hupewa mazungumzo madogo kuliko linavyostahiki, nalo ni muziki unaopigwa wakati watu wanakula. Wazee wa pande mbili hukaa wakajadili mahari, nguo, idadi ya meza, aina ya pilau, nani aalikwe na nani asije akasahauliwa. Muziki wa wakati wa chakula huachiwa kijana mwenye spika, naye hupewa agizo la maneno machache: "Weka kitu cha taratibu." Agizo hilo huonekana jepesi. Kwa hakika ni hukumu ya kifasihi, kwa sababu pale ambapo muziki wa arusi ni ushairi ulioimbwa, anayechagua wimbo huwa amechagua shairi, na anayeamua wimbo upigwe lini huwa ameamua pia kama shairi hilo litasikika au halitasikika.

Hukumu hiyo siku hizi hutolewa kwa njia mbili. Wako wanaoweka rusha roho tangu sahani ya kwanza, kwa vinanda vya umeme na magitaa, nao hulaumiwa sana kwamba wameigeuza karamu kuwa ngoma kabla ya wakati wake. Na wako wengine, aghalabu watu wenye mapenzi na mambo ya zamani, wanaosema kwamba rusha roho si muziki wa meza, wakaweka badala yake taarab asilia: udi, fidla na kanuni, na sauti tulivu ya mwimbaji. Hawa wa pili husifiwa kwa adabu yao na kwa kuuenzi utamaduni. Lakini kundi linalostahiki kuchunguzwa zaidi ni hilo hilo la pili, kwa kuwa kosa lake limevaa nguo ya heshima.

Ili kosa hilo lionekane, ni lazima ikumbukwe kwamba katika desturi ya mwambao chakula cha arusi na wimbo wa taarab havikuwa na saa moja. Walima ulikuwa na mpango wake. Watu walikaa juu ya mikeka na majamvi, sinia moja likazungukwa na watu wanne au watano, wakala kwa mkono, wakanawa, wakaomba dua, wakawapisha wenzao. Mlo haukuwa mrefu, wala haukuwa na mapengo yaliyohitaji kujazwa sauti. Kabla ya chakula palisomwa maulidi. Taarab ilikuwa na usiku wake, na aliyekwenda kwenye taarab alikwenda kusikiliza. Jina lenyewe linashuhudia hivyo, kwani asili yake ni neno la Kiarabu lenye maana ya kutekwa na uzuri wa sauti hadi moyo ukatikisika. Masimulizi yanayojulikana sana huunganisha kuingia kwa muziki huo Unguja na enzi ya Sultani Barghash bin Said, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888. Ilipoanzishwa Ikhwani Safaa mwaka 1905, na baadaye Culture Musical Club mwaka 1958, vilikuwa vyama vya watu waliokutana kwa ajili ya muziki wenyewe. Mtu aliyezungumza kwa sauti katikati ya ubeti alitazamwa kwa jicho la kumwonya.

Mabadiliko hayakuanza na ukumbi wala na spika. Yalianza pale sauti ilipoweza kuachana na mwenye sauti. Siti binti Saad aliposafiri kwenda Bombay mwaka 1928 na nyimbo zake zikatiwa katika santuri, ndipo wimbo wa Kiswahili ulipoweza kuingia nyumba ambayo mwimbaji hajaitia mguu. Hata hivyo santuri za zama zile zilikuwa bado na adabu ya kulazimisha. Upande mmoja ulidumu kiasi cha dakika tatu hivi, kisha ni lazima mtu ainuke, aigeuze santuri, auzungushe mkono wa gramafoni. Mashine ile ilidai mtumishi, na mtumishi wa mashine hakosi kuwa msikilizaji. Leo orodha ya nyimbo mia moja huenda yenyewe saa baada ya saa bila ya mtu kuinuka. Ndiyo maana wimbo umeweza kuwa kama kipepeo cha ukutani, kitu kinachozunguka juu ya vichwa vya watu wasiokumbuka kwamba kipo.

Je, kuna hasara gani? Watu wanakula, wanazungumza, na juu yao inapita sauti nzuri ya zamani. Hasara haionekani mpaka shairi lenyewe litazamwe jinsi lilivyoundwa. Chukuliwe ubeti huu, ambao si wa mtungaji yeyote wa zamani wala wa sasa, bali umefumwa hapa kwa ajili ya kuonyesha tu:

Mlango niliufunga, kufuli nikalitia,
Jirani akaja gonga, hodi akaniitia,
Kumbe alikwisha chonga, ufunguo wa kungia.

Ni mishororo mitatu, kila mmoja una mizani kumi na sita iliyogawika nane kwa nane, kina cha kati ni "nga" na cha mwisho ni "ia". Umbo hili la mishororo mitatu mitatu ni la kawaida katika nyimbo za taarab. Mishororo miwili ya mwanzo haina ubaya. Mwenye nyumba amefunga mlango wake, na jirani mwenye adabu amepiga hodi. Ubeti ungekomea hapo ungekuwa wimbo wa ujirani mwema. Mshororo wa tatu ndio unaoupindua. Hodi ile ilikuwa ya udanganyifu, kwani mwenye kuipiga alikuwa na njia yake ya kuingia zamani. Na anayeusikia wimbo huo usiku wa arusi hahitaji kuambiwa kwamba mlango huo si wa mbao.

Sasa ubeti huo uwekwe chini ya sahani. Mgeni wa meza ya kwanza anasikia mishororo miwili, kisha pilau inaletwa, vijiko vinagongana, mshororo wa tatu unapotea. Huyu ameondoka na sifa za jirani. Mgeni wa meza ya mwisho alikuwa akizungumza na shemegi yake. Kimya kikapita kidogo, likamfikia neno moja tu, "ufunguo". Huyu anainua kichwa na kutazama nani amekusudiwa. Wote wawili wameusoma ubeti uleule, wote wameukosea, na kila mmoja ameukosea kwa upande wake. Kusikia nusu kuna madhara kuliko kutosikia kabisa, kwa sababu asiyesikia hujua kwamba hajasikia.

Hapa ndipo hoja ya wapenzi wa taarab asilia inapowageukia wenyewe. Rusha roho, pamoja na lawama zote inazobeba, aghalabu husema neno lake waziwazi, ikalirudia na kulirudia juu ya mdundo wa kuchezwa. Ukipoteza mstari mmoja utaupata tena kabla hujamaliza tonge. Nyimbo za zamani hazikuundwa hivyo. Kadiri fumbo lilivyofichwa kwa ustadi, ndivyo linavyomhitaji msikilizaji asiyegeuka upande. Kwa hivyo, anayeiondoa rusha roho mezani na kuweka mahali pake wimbo wa mafumbo kwa nia ya kuutukuza, ameuweka mahali ambapo utaumia zaidi. Angeutendea wema zaidi kama angeuacha kabisa.

Jambo la pili ni jibu. Taarab haikuwa barua ya upande mmoja. Msikilizaji aliyeguswa na mshororo huinuka na pesa mkononi, akaenda kwa mwendo wa madaha hadi kwa mwimbaji, akamtunza. Katika vyama vya wanawake vya Unguja, kama vile Sahib el-Ari na Nur el-Uyun, na katika kumbi za taarab kwa jumla, namna ya kuinuka na mshororo uliomwinua mtu vilikuwa na maana yao. Huyu ameinuka kwenye sifa ya mapenzi, yule ameinuka kwenye neno la kumwonya hasidi, na njiani akapita mbele ya fulani bila ya kumtazama. Kutunza kulikuwa ndiko kusoma kwa hadhara. Aliyeinuka alisema: shairi hili nimelielewa, na ni langu. Fumbo kali likipata mwenye kulijibu hupoa, kwa kuwa limekwisha kufika. Mezani, mikono ikiwa na mchuzi na sahani zikiwa mbele, hakuna anayeweza kuinuka. Neno hubaki hewani bila ya mwenyewe, na kila mwenye kidonda hulichukua akaenda nalo nyumbani. Ugomvi wa koo mbili hauhitaji zaidi ya hapo.

Wako watakaojibu kwamba dawa ni nyepesi: yaondolewe maneno, zipigwe ala tupu. Jawabu hilo limekaribia ukweli lakini halijaufikia. Mfano ulio wazi umo katika tamthilia ya muziki ya Mozart, Don Giovanni, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza mjini Prague mwaka 1787. Karibu na mwisho, bwana mkubwa amekaa kula, na wanamuziki wake wanampigia tuni zilizokuwa zikipendwa wakati ule. Hakuna anayeimba maneno ya tuni hizo; ni ala tu. Lakini Leporello, mtumishi anayeleta sahani, anazitambua moja baada ya moja, na ya mwisho, ambayo Mozart aliitoa katika kazi yake mwenyewe ya mwaka 1786, Ndoa ya Figaro, anaijua hata kupita kiasi. Mozart aliwafanyia watazamaji wake mzaha, lakini mzaha huo una somo. Tuni iliyowahi kuvaa maneno haivuliki. Hata ikipigwa uchi, masikio yanayoijua huivisha yenyewe.

Ikiwa ndivyo ilivyokuwa Prague, itakuwaje Unguja, Pemba, Lamu au Mombasa, ambako wapo watu wanaoutambua wimbo tangu fidla haijamaliza kuutangulizia? Wimbo wa kuachana ukipigwa kwa kinanda tu karibu na jukwaa la bibi arusi, shangazi zake hawatasikia kinanda. Watasikia kuachana. Mchaguzi aliyetafuta utulivu amewaletea maneno yaleyale kwa mlango wa nyuma, tena bila ya sauti ya mwimbaji inayoweza kulaumiwa.

Ziko pia familia ambazo, kwa kuikimbia mipasho, huweka kasida. Nia yao ni njema. Lakini kasida nayo ina haki zake, na haki ya kwanza ni kwamba linapotajwa jina la Mtume, anayelisikia humswalia. Kasida ikipigwa saa nzima juu ya watu wanaotafuna na kucheka, ama watu watakatiza tonge kila dakika, ama watazoea kulisikia jina hilo bila ya kulijibu. Mazoea hayo ya pili ndiyo yatakayotokea. Shairi la sifa, kama shairi la fumbo, limejengwa juu ya jibu, na linapowekwa pasipo na jibu hufundisha watu kutojibu.

Basi kuna muziki gani uliotungwa bila ya kudai jibu? Swali hili liliwahi kuulizwa kwingine kwa njia ya mzaha uliokuwa na ukweli ndani yake. Mwaka 1920, mjini Paris, mtunzi Erik Satie aliandaa vipande vifupi vya kurudiwarudiwa alivyoviita muziki wa samani, muziki wa kuwapo chumbani kama viti na meza. Vilipoanza kupigwa wakati wa mapumziko ya onyesho, wageni walirudi vitini na kunyamaza kusikiliza, ikabidi Satie awazungukie akiwahimiza wazungumze, watembee, wasisikilize. Kisa hicho huchekesha, lakini kinaonyesha mambo mawili. La kwanza ni kwamba masikio yenye malezi huona aibu kuupuuza muziki, na hiyo ni aibu njema. La pili ni kwamba Satie alielewa umbo linalofaa. Kitu cha kusikika nusunusu lazima kiwe kinarudi, ili aliyekikosa sasa akikute tena baadaye.

Umbo la namna hiyo halihitaji kuagizwa Paris. Limo ndani ya taarab yenyewe, tena mlangoni mwake. Ni bashraf. Neno hilo limetoka Uajemi likapita kwa Waturuki na Waarabu, na maana yake ya asili ni kitu kinachokwenda mbele, kinachotangulia. Bashraf ni utunzi wa ala bila ya maneno, na katika mtindo wa Ikhwani Safaa ndio uliofungua usiku kabla ya mwimbaji kuinuka. Kwa kawaida huwa na sehemu nne, na baada ya kila sehemu hurejea kipande kilekile kinachoitwa taslimu. Ubora wake kwa karamu umo katika ujenzi huo. Mgeni aliyekuwa akimwamkia mjomba wake wakati wa sehemu ya pili hukutana na taslimu akarudi njiani, wala hakupoteza siri yoyote, kwa kuwa hapakuwa na mshororo wa tatu wa kuipindua maana. Na mgeni mwengine anayejua muziki, akitaka, atasikiliza mwanzo hadi mwisho na kustarehe. Bashraf humpa kila mmoja kwa kadiri ya sikio lake, na haimdhuru aliyeshughulika.

Hata hivyo, si kila kisicho na maneno ni sawa. Taksimu, yaani pale udi au kanuni inapoachwa peke yake itafute njia bila ya mdundo, haifai kabisa chini ya sahani. Taksimu ina vimya ndani yake, na vimya hivyo ni sehemu ya utunzi kama ilivyo sauti. Kimya cha taksimu kikijazwa na mlio wa vijiko, mpigaji huwa amekatizwa katikati ya neno. Bashraf ina mdundo wa kuishika. Taksimu imeshikwa na utulivu wa wasikilizaji tu.

Itaulizwa kama hii si kuidhalilisha bashraf ili kuuokoa wimbo. Hoja hiyo ina uzito, na mpigaji fidla aliyejifunza bashraf moja kwa miezi ana haki ya kuitoa. Lakini jina la kitu hicho lenyewe linajibu. Bashraf ilitungwa kutangulia, kuwakaribisha watu, kuwaweka katika hali ya kusikiliza kitakachokuja. Ikitumiwa kutangulia, imo kazini mwake. Itadhalilika ikiwa hakuna kinachokuja baada yake. Karamu inayoanza kwa bashraf na kumalizikia kwa bashraf ni utangulizi wa kitabu kisichoandikwa.

Kwa hivyo nusu ya pili ya uchaguzi ni kuuweka wimbo mahali pake. Mwana Kupona alipomtungia bintiye utenzi wake mwaka 1858, hakuanza na nasaha. Alianza kwa kumwita asogee karibu, akae, achukue wino na karatasi. Beti zile za mwanzo mara nyingi hupitwa haraka na wasomaji wanaokimbilia mawaidha, ilhali ndizo zinazoyawezesha mawaidha. Mama alijua kwamba neno zito halisemwi kabla ya kumtayarisha msikilizaji, na akayafanya matayarisho hayo kuwa sehemu ya ushairi. Karamu ya arusi yaweza kufuata mwendo huohuo. Watu wale juu ya bashraf. Sahani ziondoshwe, mikono inawiwe, kisha uimbwe wimbo mmoja, mmoja tu, uliochaguliwa kwa maneno yake na si kwa mahadhi yake peke yake, na watu wakiujua kwamba unakuja. Anayetaka kutunza atakuwa na mikono mikavu na nafasi ya kupita. Si lazima kiitwe kikundi kizima. Aliyenacho ataleta udi, fidla na kanuni. Chuo cha muziki cha nchi za majahazi, kilichoanzishwa Unguja mwaka 2002, kimefundisha vijana wengi ala hizo. Asiyenacho, sauti ya mama mkubwa mmoja bila ya ala yoyote inatosha, madhali ukumbi umenyamaza.

Jambo hili halihusu usiku mmoja tu. Watoto wanaoletwa arusini wakiwa na miaka sita au saba ndio watakaoimba au kutunga baada ya miaka thelathini, na arusi ndiyo skuli ya taarab kwa wengi wao. Mtoto anayekutana na taarab chini ya sahani tu hukua akijua kwamba ni sauti ya kuwapo, kama sauti ya feni. Ataweza kuuvumisha wimbo mzima kwa pua asijue hata ubeti wake mmoja unasema nini. Hapo ushairi huo hautakuwa umekufa kwa kusahauliwa, maana utapigwa kila Jumamosi. Utakuwa umekufa huku ukipigwa, na kifo cha namna hiyo hakiitiwi matanga.

Dawa yake haigharimu kitu. Inatosha wazee, watakapokuwa wamekwisha kuhesabu meza na pilau, waongeze dakika tano za kulibadilisha lile agizo la kijana mwenye spika. Asiambiwe tena aweke kitu cha taratibu. Aambiwe aweke bashraf mpaka watu wanawe, kisha azime.